Mwanga wa Mashuka

Roma, 14 Januari 1958

Mama mpendwa,

Natumaini barua hii inakukuta mzima, kifua kimeacha kukusumbua, na ukungu wa Mto Po haujakufuata mpaka kitandani. Mimi sijambo. Ninakula, kabla hujauliza. Mwenye nyumba ananipikia supu ya maharage ambayo ingekufanya uite polisi, lakini ninakula.

Nina habari. Miaka yote hii nimekuwa yule anayebeba lenzi, halafu yule anayezungusha lenzi sura ya mtu isififie, na majina yaliyoandikwa kwenye pazia yalikuwa ya wengine. Sasa nimepewa filamu yangu. Mimi ndiye mpigapicha mkuu. Mwongozaji ana hadithi yake na waigizaji wana maneno yao, lakini mwanga wote ni wangu: taa ikae wapi, dirisha lifunguliwe kiasi gani, nani aonekane na nani abaki kivulini.

Hadithi ni ya mjane wa huko kwetu bondeni, na nusu yake iko jikoni. Hapa studio wamezoea kuning'iniza mataa makubwa darini na kuwamulika watu usoni, hata mwigizaji mmoja anakuwa na vivuli vitatu. Jikoni kwetu nani aliwahi kuwa na vivuli vitatu? Basi nikakumbuka siku za kufua. Mlikuwa mkianika mashuka uani, wewe na jirani yetu Oriele, na mkipita katikati yake nyuso zenu ziling'aa, ingawa jua lilikuwa mgongoni. Sijaona mwigizaji aliyependeza kama nyinyi mkiwa na vibanio vya nguo mdomoni. Kwa hiyo taa zangu simmuliki nazo mtu. Nazigeuzia shuka, na mwanga unaorudi kutoka kwenye shuka ndio ninaoutumia. Mafundi wa taa wameshanipa jina. Wananiita Dobi.

Shida ni kwamba mashuka ya dukani yametiwa wanga, yanang'aa kama sahani, na mwanga unarudi mkali. Nahitaji yako ya kitani, yale uliyoyafua kwa maji ya majivu mpaka yakalainika. Nitumie ya zamani, hata yenye viraka. Na kama moyo utakuruhusu, lile pana la harusi.

Mwanao,
Nevio


Ca' Morosa, 26 Januari 1958

Mwanangu Nevio,

Barua yako imenikuta hai. Kifua nimekitibu kwa divai ya moto, na kilipopona nikaendelea kukitibu. Nawe nakuombea afya, na huyo mwenye nyumba namwombea ajifunze kupika.

Nilimwambia Oriele dukani kwao kwa mikate kwamba mwanangu sasa ni mkuu. Akauliza, "Mkuu wa nini?" Nikamwambia, "Wa mashuka." Akacheka mpaka mkate ukaungua, na mumewe akanilaumu mimi. Nimekusomesha kwa kufua mashuka ya watu ili wewe usiyashike maishani mwako, na sasa unayaagiza kwa posta. Lakini nimefurahi, baba. Nimefurahi mpaka nimekaa chini.

Nakutumia yote yaliyo laini. Moja lina kiraka cha suruali ya marehemu baba yako. Ukilipata liweke upande wa nyuma, watu wa Roma wasitucheke.

La harusi sahau. Kitani chake tulikisokota mimi na mama yangu, majira ya baridi mawili. Baba yako na mimi tulililalia usiku wa kwanza, naye akalilalia alipolazwa watu waje kumuaga. Inayobaki ni zamu yangu. Unajua kwetu mwanamke anaondoka duniani kwa shuka alilokuja nalo. Gharika ilipoingia nyumbani ilichukua ile picha ya baba yako Anselmo iliyokuwa ukutani, picha pekee niliyokuwa nayo, na shuka likabaki kwa sababu lilikuwa darini. Kwa hiyo ndilo nililo nalo la kwake. Niachie.

Vaa soksi.

Mama yako


Roma, 3 Novemba 1958

Mama mpendwa,

Habari za siku nyingi. Nisamehe kimya, usiku na mchana vilikuwa kitu kimoja. Mimi ni mzima ila nimekonda. Usimwambie Oriele, ataleta mikate mpaka stesheni.

Filamu imekwisha. Mashuka yako yamefanya kazi kuliko watu. Mafundi waliokuwa wakinicheka sasa wanayakunja wenyewe jioni, wawili wawili, kama mlivyokuwa mkifanya nyinyi.

Asiyefurahi ni Commendatore Sgarbossa, mwenye pesa ya filamu. Alitazama mpaka mwisho, halafu akasema, "Nimelipia uso wa Fiammetta Orsi. Mbona nimeletewa nusu?" Nikamwambia ile nusu nyingine ipo, imo kivulini, na mtu anaitazama zaidi kwa sababu haijatolewa yote. Akasema kivuli hakiuzi tiketi. Mwongozaji alisimama upande wangu, basi ikapita. Ila najua nimewekwa kwenye mizani.

Itafika ukumbi wa parokia kwenu kabla ya Krismasi. Mama, kaa mbele. Kuna mahali mjane anamwaga polenta, ugali wetu wa mahindi, kwenye ubao. Hapo usimtazame yeye, ingawa kila mtu atamtazama. Tazama nyuma yake, karibu na dirisha. Nimekuwekea kitu chako pale. Sisemi ni nini. Watu wote wa Italia waone wanachotaka, mimi pale nilikuwa nakuandikia wewe tu.

Mwanao anayesubiri jibu,
Nevio


Ca' Morosa, 15 Desemba 1958

Mwanangu Nevio,

Salamu za baridi kutoka kwetu. Sisi tu wazima, kuku wamegoma kutaga.

Tumeiona filamu yako. Padri Callisto alinikalisha mbele kabisa kwenye kiti chenye mikono kama askofu, na jina lako lilipotokea watu walipiga makofi hadi nikaona aibu. Ule mto ulikuwa mto wenyewe, nilitaka kupandisha sketi nisilowe. Na wale wanaovuna kitani, na mbwa, na yule kijana kwenye baiskeli ukingoni. Vyote vizuri sana. Jikoni nako kuzuri. Lile birika la kahawa dirishani ni kama letu, umelikumbuka vizuri. Oriele alilia.

Naandika kifupi, mchana umeanza kuisha na sitaki kuwasha taa.

Mama yako


Roma, 8 Januari 1959

Mama,

Heri ya mwaka mpya. Nakutakia afya njema, na mimi sijambo.

Dirishani hakuna birika. Sijui kama ulisinzia au ulikuwa unaongea na Oriele. Sikulaumu, umri wako na joto la ukumbi uliojaa watu. Lakini nimeumia na sitaki kukuficha.

Pale dirishani nilimkalisha mzee. Anaitwa Righetto, Mroma, anauza njugu mlangoni pa studio. Juani hafanani na baba hata kidogo. Lakini siku moja nilimwona kantini ameinamia bakuli, anapulizia supu kwa pembe ya mdomo, na mkono uliofunika kijiko ulikuwa mkono wa baba. Nikamchukua. Nilimketisha ubavu kwa dirisha, nikaweka shuka lako lenye kiraka upande wa kushoto, nikawa napunguza mwanga kidogo kidogo. Nilipunguza mpaka Righetto akaondoka, mama, na pale kwenye kiti akawa ameketi Anselmo Furlan, anangoja polenta ipoe. Ukiongeza taa moja tu, anarudi kuwa Righetto. Ndiyo maana nilikataa kuongeza, hata Commendatore alipopiga kelele.

Ile picha iliyochukuliwa na gharika, nilidhani nimekurudishia.

Sasa kumbi za mikoani zinaandika kulalamika kwamba filamu ni giza. Na kama wewe hukumwona, wewe uliyelala ubavuni mwake maisha yako yote, basi nimekuwa nikijidanganya. Nimempa Commendatore neno langu: filamu ijayo nitamulika kama wengine wanavyomulika. Mkataba tutautia sahihi baada ya Pasaka. Usihuzunike, ni kazi kama kazi nyingine. Mashuka nitakurudishia.

Nevio


Ca' Morosa, 27 Februari 1959

Mwanangu Nevio,

Namshukuru Mungu nimeamka salama, nawe natumaini ni hivyo hivyo. Barua yako nimekaa nayo kuliko inavyofaa. Sikukasirika. Nilikuwa natafuta namna ya kukwambia jambo, sikuipata, basi nakwambia hivyo hivyo.

Sikumwona baba yako. Sikuona kitu. Mtoni niliona, shambani niliona, lakini walipoingia ndani ya nyumba ikawa giza tupu mbele yangu. Nasikia kijiko, nasikia yule mama anakohoa, nasikia watu nyuma yangu wanasema, "Uzuri ulioje, Ersilia," na mimi naitikia kwa kichwa. Birika nililibuni. Nilijiambia, jiko gani halina birika?

Unajua bibi yako alivyoanza. Kwanza hakuona gizani. Jioni alikuwa akigonga ndoo, na sisi tukimcheka. Halafu mchana nao ukamfungia, akafia kwa masista akipapasa ukuta. Sasa imefika kwangu, sina la kubishana. Nimezungumza na masista wa nyumba ya wazee, watanipokea Pasaka ikipita. Vitambaa vya altare ninavyolifulia kanisa nimemrudishia Padri, nisije nikaacha doa siku ya sikukuu. Nimemwambia ni mgongo. Na shuka la harusi nimelitoa darini, nimelifua na kulipiga pasi nikiwa bado naiona mikunjo, ili asipate taabu atakayenivisha.

Macho hayaniumi. Kinachoniuma ni kwamba ulimketisha Anselmo mbele yangu, karibu namna ile, nami nikampita kama nisiyemjua. Miaka yote hii namwomba Mungu nimwone hata ndotoni. Nisamehe, mwanangu. Na usibadilishe kazi yako kwa ajili yangu. Wenye macho wataiona.

Mama yako


Roma, 3 Machi 1959

Mama, mama yangu,

Salamu zitakuja baadaye. U mzima, na nadhani ninaweza kukuthibitishia. Nijibu haya upesi.

Ukitoka kwa Oriele jioni, unaiona njia? Unajikwaa? Darini ulipopanda kuchukua shuka, ulibeba taa?

Halafu ukumbini. Ule mwali wa mwanga uliopita juu ya vichwa vyenu kutoka kwenye mashine, ulikuwa mweupe, au wa njano kama mshumaa wa mafuta ya ng'ombe? Ndani ya mashine kuna vijiti viwili vya kaboni, na moto unawaka katikati yake. Ukipewa umeme wa kutosha, moto ni mweupe na vijiti vinakwisha haraka. Ukibanwa, vijiti vinadumu, lakini unachobaki nacho ni kibatari. Filamu yenye jua itapita kwenye kibatari. Yangu haipiti. Jikoni kwangu ndiko kunakozimika kwanza. Nilipaswa kuliwaza hili tangu barua ya kwanza, na badala yake nilikununia.

Na lile pazia jeupe wanalomulikia, nani analifua?

Sasa jambo gumu. Muulize Oriele ukweli. Usimuulize kama mama wa mpigapicha, muulize kama jirani.

Masista wasubiri. Usisogeze hata kijiko kutoka nyumba ile.

Mwanao,
Nevio


Ca' Morosa, 11 Machi 1959

Nevio mwanangu,

Afya ninayo, pumzi ndiyo inanipungua kwa kucheka, na katikati ya kucheka nalia. Nivumilie.

Njia naiona. Darini nilipanda bila taa, na sindano naitia uzi jioni mlangoni. Sikuwa nimeyafikiria hayo. Mtu akishaogopa, hajijaribu tena.

Nilikwenda kwa Oriele. Nikamwambia, "Kule jikoni kwenye filamu ya Nevio, uliona nini?"

"Niliona uzuri, Ersilia."

"Uzuri wa nini?"

"Wa jikoni."

"Oriele, nakuuliza kama jirani."

Akaweka koleo la mikate chini. "Sikuona hata pua yangu," akasema. "Nilidhani nimekaa nyuma ya nguzo. Lakini wewe ulikuwa unatikisa kichwa kule mbele, nikasema, kama mama mtu anaona, mimi ni nani?"

"Na machozi?"

"Nililia kwa sauti zao. Zilikuwa za huzuni."

Mumewe akaita kutoka kwenye tanuri, "Mimi nililala, lakini nilikuwa sijaambiwa ni kosa."

Tukapita nyumba kwa nyumba, Nevio. Kila mtu aliona mto, hakuna aliyeona jiko. Wote walisifu kwa sababu nilikuwa nimekaa pale mbele kwenye kiti cha askofu, na mimi nilisifu kwa sababu yao. Tulidanganyana kwa upendo, kijiji kizima.

Padri Callisto hakuficha. Alisema vijiti ni ghali na paa la kanisa linavuja, kwa hiyo tangu gharika anawasha vipande vilivyobaki, kwa moto mdogo. "Hakuna aliyewahi kulalamika," akasema. Nikamuuliza pazia lilifuliwa lini. Akanitazama kama nimeuliza habari za malaika. "Pazia hufuliwa?" Tukalitazama. Moshi wa jiko la kuni na sigara za wanaume wa hapa tangu vita viishe. Kwangu mimi hata jogoo asingefunikwa tenga lake kwa kitambaa kile.

Wiki kabla ya Pasaka ndiyo ya kufua kwa majivu, unakumbuka. Pazia litaingia pipani pamoja na mashuka ya watu wote. Vitambaa vya altare nimevichukua tena. Nimemwambia Padri mgongo umepona, ni muujiza wa Kwaresima.

Mama yako, ambaye anaona


Roma, 17 Machi 1959

Mama mpendwa,

Nimesoma barua yako kwa sauti mbele ya mafundi wa taa. Wanakusalimu, na wanauliza kama mwoka mikate ana binti.

Ninakuja Pasaka. Naleta vijiti vipya, na makopo ya filamu nimeyaazima. Nilitaka tuionyeshe Jumamosi, lakini Padri ameniandikia kwamba Kwaresima hakuna sinema, hata ya baba wa mtu. Basi ni Jumatatu ya Pasaka. Mashine nitaiendesha mwenyewe.

Commendatore nimemwendea nikamwambia nalifuta neno nililompa. Akaniuliza kama nina wazimu. Nikamwambia kijiji kizima hakikuiona filamu yangu na sasa ndiyo nina hakika nayo. Hakucheka. Pengine sitakuwa na kazi. Tuyaache hayo, nikaangie samaki, yule mkunga wa mtoni.

Mwanao,
Nevio


Ca' Morosa, 6 Aprili 1959

Mwanangu Nevio,

Natumaini treni ilikufikisha salama na hukuusahau mkate kwenye kiti. Sisi hatujambo. Padri amepangusa mashine yake mpaka mpini, na anawaambia watu wa vijiji vingine waje kuona weupe wa pazia.

Ulipotoka kwenye kile chumba cha mashine uliniuliza nimeona nini, nami nikakwambia samaki anapoa, twende. Mezani ukanitazama, nikakuongezea polenta. Asubuhi ukaondoka. Sikuweza, mwanangu. Mdomo wangu haujui kusema mambo kama hayo, mkono unajaribu.

Nilimwona.

Sikumwona mara moja. Kwanza niliona dirisha, kisha mvuke, na Oriele akanishika kiwiko. Yule mzee alikuwa ameinama. Sikio si lake, baba yako alikuwa na masikio ya mkulima, lile ni la mtu wa mjini. Nikasema moyoni, Nevio amejitahidi, maskini. Halafu akageuka kidogo upande wa dirisha, akapuliza kwa pembe ya mdomo, na uso wote wa upande huu ukabaki gizani, na mimi nikalijua lile giza. Ndivyo nilivyomwona kila jioni kutoka hapo ninaposimama mekoni. Sikuwahi kumwona uso mzima wakati wa kula. Nani anakaa akimtazama mumewe uso mzima? Picha ile ya ukutani, alivaa koti la kuazima na macho ameyatoa kwa ajili ya mpigapicha, haikuwahi kufanana naye. Uliyonipa wewe ni yeye. Karibu nimwambie asiunguze ulimi.

Tulipotoka, watu hawakusifu. Walipeana mikono kama baada ya misa. Yule mwoka mikate alinijia akavua kofia, akasema, "Anselmo alikuwa na njaa leo." Basi.

Uliniambia Commendatore hajajibu. Akikukataa, atakuja mwingine. Na asipokuja mwingine, kwetu kuna pipa la kufulia na mikono yako ni mikubwa. Ila usiongeze ile taa.

Sasa nisikilize. Kwenye kifurushi hiki lipo shuka la harusi. Ni safi, nililifua Februari kwa shughuli nyingine ambayo nimeiahirisha. Siku yangu ikifika watanilaza kwenye lolote, sitakuwa na mdomo wa kulalamika. Hili lina upana ulioutaka, na baba yako analijua. Akitaka kuja tena kukaa dirishani kwako, apitie hapo.

Usilikate. Mafundi wako wasilikanyage. Na likichafuka, usilipeleke kwa dobi wa Roma. Lilete nyumbani mwenyewe, nilifue.

Mama yako